Kozi Yangu Aliyoisoma Baba Neema

Nitawasimulia, ila mcheke taratibu, maana aibu yenyewe bado mbichi na hasira ndiyo kabisa haijapoa. Mpaka leo nikipita karibu na ule ukumbi wa chini pale studio natembea upesi upesi kama mtu aliyevunja glasi dukani akatoka bila kusema. Mimi Mama Neema, mchoraji wa miaka kumi na moja, mwanamke ninayejulikana kanisani kwetu Weston, huku Toronto, kwa mdomo na kwa kujifanya najua kila kitu (najua wanasema, wacha waseme), nilisahihishwa kazi yangu mwenyewe mbele ya ukumbi mzima, wageni kutoka Japani wakiwemo, na aliyenisahihisha ni mume wangu, mwanaume ambaye siku moja alimchorea binti yetu mbuzi, mtoto akauliza, baba, hii meza mbona ina mkia?

Kwa wasioijua kazi yangu, ngoja niieleze, kwa sababu kanisani wengi wanadhani nachora picha za Yesu na wanakondoo. Studio yetu iko katikati ya jiji la Toronto na inapokea kazi kutoka Japani, zile katuni zao zinazoitwa anime, ambazo watoto wenu wanaziangalia kwenye simu mpaka chakula kinapoa mezani. Kule kwao wakubwa wanachora picha zile kuu: binti ameangalia kushoto, halafu binti ameangalia kulia, basi. Hapo katikati, shingo inavyogeuka, nywele zinavyochelewa kidogo kuifuata shingo, kope zinavyoshuka na kupanda, tunachora sisi. Tulikuwa kumi na wanne katika chumba kimoja, watu wa picha za katikati. Katuni ikiwa nzuri hakuna anayejua kwamba tupo, ikiwa mbaya ndiyo watu wanauliza nani kachora huu mkono.

Sasa mwaka jana, theluji ndiyo kwanza inayeyuka, meneja wetu Helen akatukusanya akatuambia kwamba picha za katikati kuanzia sasa zitachorwa na kompyuta. Lakini msiogope, akasema, hakuna anayefukuzwa, mnaongezewa ujuzi. Mtakuwa wasimamizi. Mashine itachora, nyinyi mtaiongoza, mtaikagua, mtairekebisha pale inapokosea. Ameleta na kampuni ya mafunzo, na mwalimu wao anaitwa Trevor, mtu wa kutabasamu kila sekunde, mashati ya kubana, anakuita jina lako mara tatu katika sentensi moja ili ujue amelishika. Kozi ina sehemu kumi na mbili, zote za mtandaoni, kila sehemu ina mtihani wake, ukimaliza unapewa cheti. Na mnaisoma nyumbani, kwa muda wenu.

Mwenzetu mmoja akauliza, huo muda wa nyumbani utahesabiwa kuwa wa kazi?

"Hii ni zawadi mnayojipa wenyewe," Trevor akajibu, na meno yote nje.

Chumba kikawa kimya, kile kimya cha watu wanaotukana moyoni, kila mmoja kwa lugha ya kwao. Na mimi mwenye mdomo sikusema neno.

Jumamosi yake nikakaa sebuleni na laptopu nianze hiyo zawadi. Video ya kwanza ni mtu wa viatu vyeupe anatembea kwenye nyasi anasema mabadiliko ni rafiki yako, ukiyakumbatia yatakukumbatia. Dakika ishirini! Halafu yakaja maswali, na swali la kwanza lilikuwa hivi: mstari ni nini? Chagua jibu moja kati ya manne. Jamani. Nimechora mistari mpaka kidole hiki cha kati kina sugu kama kisigino, nimechora mistari nikiwa na mimba iliyotoka, nimechora mistari siku niliyopigiwa simu kwamba mama amefariki Kigoma, na leo mtu wa viatu vyeupe ananiuliza mstari ni nini, nichague! Nikaitupa ile laptopu kwenye kochi, ikamwangukia karibu na sahani Baba Neema aliyekuwa anakula bukari na sombe yake, yaani ugali na kisamvu, kwa amani.

Baba Neema ni mtu wa Uvira. Anapakia mizigo ya ndege kule Malton, zamu ya alfajiri, mwaka wa tisa sasa. Ni mpole, ni shemasi, na Kiswahili chake cha Kikongo huwa kinanichekesha hata nikiwa nimekasirika.

"Uko nakasirika bure, Mama Neema," akasema. "Leta nione."

"Chukua," nikamwambia. "Bonyeza unachotaka. Wakikuuliza penseli ni nini, waambie ni ndizi."

Hapo ndipo nilipoharibu. Sikujua, nilidhani nimepumzika. Nilienda jikoni, nikaosha vyombo kwa kelele ili asikie nilivyo na hasira, na niliporudi alikuwa amevaa miwani yake ya kusomea Biblia na anacheka peke yake. "Bon, nimepita," akasema. "Kumi kwa kumi."

Sehemu ya pili akaifanya yeye. Ya tatu nayo. Mwanzoni alikuwa ananisaidia, baadaye nikaona kabisa anaipenda. Anatoka kazini saa nane mchana, anaoga, anakaa mezani, anafungua kozi yangu kama wenzake wanavyofungua mpira. Kulikuwa na binti wa mazoezi mle ndani, katuni moja ya nywele ndefu unayojifunzia, akaanza kumwita "binti yetu." Na alikuwa ananiuliza maswali. "Mama Neema, kwa nini nywele zinachelewa? Kwa nini si kichwa na nywele pamoja?" Mimi huku nakatakata vitunguu namjibu kwa dharau, kwa sababu nywele hazina mfupa, kwa sababu ukisimama ghafla kwenye basi mkoba wako unaendelea kwenda. Anaitikia kwa kichwa, anarudi kwenye skrini, anapata kumi kwa kumi. (Kwa hiyo aliyemfundisha ni nani, kozi au mimi? Lakini tuyaache kwanza.)

Kazini nilikuwa nalo jambo hili kifuani, nikamwambia Marisol, jirani yangu wa meza, Mfilipino, mtu niliyekula naye mchana miaka sita. Akacheka mpaka akashika tumbo. "Yangu anaifanya shemeji yangu," akaninong'oneza. "Unadhani hapa nani anaisoma mwenyewe?" Nikafurahi! Nikaona basi, hii si aibu, hii ni desturi ya ofisi.

Halafu ikaja ile barua pepe ya Helen, kwa wafanyakazi wote. Kozi imekamilika, tunawapongeza, na aliyeongoza kwa alama, tisini na saba kwa mia, ni mwenzetu mpendwa... aliandika jina langu lote na la ukoo, bila kukosea hata herufi moja, yeye ambaye kwa miaka kumi na moja alikuwa analikosea. Kutakuwa na sherehe fupi Ijumaa ya wiki ijayo ukumbi wa chini. Wageni wetu kutoka Japani watakuwepo, familia zinakaribishwa, na mwenzetu huyu atatuonyesha ujuzi wake mpya moja kwa moja, kwenye skrini kubwa.

Nilisoma mara tatu. Nikasimama, nikaenda mlangoni kwa Helen nikiwa nimeamua kusema ukweli, wallahi niliamua (najua mimi ni Mkristo, lakini nimekulia Ujiji, kiapo hiki kinanitoka chenyewe). Nikabisha. Akainua uso, akatabasamu, akasema, "Nilikuwa nakutaja sasa hivi! Tunatafuta kiongozi wa kikosi kipya cha usimamizi. Ijumaa ikienda vizuri, nafasi ni yako." Kiongozi. Miaka kumi na moja hakuna aliyeniita kiongozi wa chochote. Nikamwambia, nilikuja kukuuliza kama nivae nguo rasmi.

Nikarudi nyumbani nikamwambia Baba Neema, haya, nifundishe. Tukafungua kozi, imefungwa. Ukishapata cheti huwezi kuingia tena, na programu yenyewe kazini ilikuwa haijawekwa bado kwenye mashine zetu. Basi akanifundisha mezani kwa vyombo. Kopo la chumvi ni kitufe cha juu, kisahani ni kitufe cha chini, kijiko ni kalamu ya kompyuta. "Hapa unashika, unavuta, unaachia. Hapa usiguse kabisa. Halafu itakuuliza swali." Swali gani? "Inategemea." Inategemea nini? "Binti yetu namna amekaa." Nikaandika hatua kumi na moja kwenye karatasi, nikazikariri kama beti za kwaya, nikiwa naoga, nikiwa kwenye treni.

Nikamwomba jambo moja tu: usije. Akasimama pale na taulo begani, akaniangalia.

"Mi ndiye nimesoma," akasema, "hata kuangalia tu nikatazwe?"

Nikarudi kwenye karatasi yangu, hatua ya kwanza.

Ijumaa ikafika. Ukumbi umejaa, viti mpaka ukutani, vipande vya jibini kwenye vijiti, watoto wa wenzangu wanakimbizana. Mstari wa mbele wageni wanne kutoka Japani, suti nyeusi, wametulia, mmoja mzee amekunja mikono magotini. Baba Neema alichelewa. Alitoka Malton moja kwa moja kwa basi na treni, hakupata nafasi ya kubadili, akaingia na buti zake za chuma na kizibao cha rangi ya ndimu kinachong'aa, watu wote wakageuka wakidhani kuna moto. Akakaa nyuma, akanipungia mkono. Nikajifanya sikumwona. Mungu anisamehe, nilimwonea haya kwa kizibao, nikiwa mimi ndiye niliyejaa uongo kuanzia unyayo mpaka utosi.

Trevor akaniita, akataja jina langu mara tatu, makofi. Nikakaa. Kwenye skrini kubwa binti wa nywele ndefu ameangalia kushoto, picha ya pili ameangalia kulia huku mkono umeinuliwa kama anaaga. Kazi ni kuiambia mashine ijaze katikati. Hatua ya kwanza, nikafanya. Ya pili, ya tatu. Nikaanza kujiamini, nikamwangalia Helen, nikatabasamu. Hatua ya nne kikatokea kidirisha, swali, chaguzi tatu, maneno ambayo sijawahi kuyaona maishani. Inategemea binti yetu namna amekaa! Nikabonyeza la katikati.

Mashine ikafikiri kidogo. Halafu binti wa watu, mbele ya wageni, akageuza kichwa kinyumenyume mpaka uso ukatokea mgongoni, na ule mkono wa kuaga ukapita katikati ya tumbo ukatokea upande wa pili, unaaga.

Watoto wakapiga kelele za furaha. Watu wakacheka, kicheko cha kirafiki cha kwanza, kile cha kukupa nafasi. Nikabonyeza kurudi nyuma. Binti wakawa wawili. Nikabonyeza tena. Wakawa wengi, wamepangana, wote wanaaga. Jasho linanitoka kwenye kwapa la gauni la kitenge nililolishona kwa ajili ya siku ile, na kile kicheko kimeshabadilika, sasa ni kile ambacho watu wanacheka wakitazama chini. Ningeweza kumchora yule binti kwa mkono, picha zote za katikati, nimefumba jicho moja! Lakini hapo hakuna aliyeniomba kuchora.

Ndipo nikasikia sauti kutoka nyuma, sauti ya mtu aliyezoea kuongea juu ya injini za ndege.

"Mama Neema! Si hapo! Chini, kushoto! Ondoa kwanza ile alama ya mpindo!"

Ukumbi mzima ukageuka. Kizibao kimesimama.

"Bwana yule ni nani?" Trevor akauliza kwenye kipaza sauti.

"Mume wangu," nikasema, na kipaza sauti kikanidaka.

"Karibu mbele, bwana! Njoo umsaidie!"

Baba Neema akaniangalia. Nikatikisa kichwa, kwa nguvu, hapana, hapana, hapana. Na yeye, Mungu ambariki, akaelewa kwamba namwambia siwezi, nimeshindwa, nisaidie. Akaja. Buti zinalia kwenye sakafu, kwa, kwa, kwa. Akakaa kwenye kiti changu, akavaa miwani ya Biblia, akashika ile kalamu kwa vidole vinene vya mizigo, na kwa dakika mbili, wala hazikuzidi, akafuta wale binti wote, akamrudisha mmoja, akamgeuza kushoto kwenda kulia, na nywele zikachelewa kidogo kuifuata shingo.

Makofi. Makofi makubwa. Yule mzee wa Kijapani akainamisha kichwa kwa heshima. Na hapo tungeweza kupona, mngesema ni mume na mke wanaosaidiana, tungekula jibini tukaondoka. Lakini Trevor alikuwa na kipaza sauti.

"Na wewe uko kwenye kazi hii ya katuni?"

"Hapana. Mi napakia mizigo, uwanja wa ndege."

"Sasa haya umejifunza wapi?"

Baba Neema ni shemasi. Mbele za watu hadanganyi. Akaniangalia tena, safari hii kwa huruma, akajibu kwa Kiingereza chake cha polepole ambacho kila mtu alikisikia vizuri:

"Nyumbani. Kozi ya mke wangu niliisoma mimi."

Nilisikia friji ya vinywaji inanguruma. Helen alikuwa ameshika karatasi, akaishusha. Nikamtafuta Marisol kwa macho, Marisol wa miaka sita, aliyekuwa anajua kwamba nusu ya chumba kile walisomewa. Alikuwa anaangalia ndani ya kikombe chake kana kwamba kuna samaki. Wenzangu wote kumi na watatu wakawa ghafla watu wa viatu, kila mmoja anachunguza vyake. Ningepigwa na radi ningeshukuru.

Lakini Trevor hakupigwa na radi. Tabasamu lilimtoka kidogo, halafu yale meno yakarudi, akawageukia wageni.

"Mabibi na mabwana," akasema, "nisingeweza kuomba ushahidi mzuri kuliko huu. Huyu bwana hajawahi kuchora maishani. Anabeba mizigo! Na kwa wiki chache tu za mfumo wetu anafanya kazi ya mchoraji wa miaka kumi na moja, tena haraka zaidi. Fikirini maana yake."

Wakafikiri. Niliwaona wanafikiri. Mmoja akaandika kitu. Na wenzangu nao wakafikiri, wakaacha viatu, wakaniangalia mimi.

Kwenye treni ya kurudi Weston nilikaa dirishani, Baba Neema pembeni yangu. Alikuwa ameshika kadi ndogo mkononi, Trevor alimpa mlangoni, akamwambia tupigie, tunahitaji watu kama wewe.

"Kwa nini ulisema?" nikamuuliza.

"Aliuliza."

"Ungesema umejifunza kwa kuniangalia!"

"Ningedanganya, kanisani Jumapili nisimame vipi?" Akaitia ile kadi mfukoni. "Na wewe ungesema ukweli tangu mbele ya ile siku, mi singesimama."

Nilimchukia pale, kwa sababu alikuwa na haki.

Jumatatu Helen akaniita. Akafunga mlango, akaongea ile sauti ya chini wanayoitumia wakitaka uone wanavyojizuia. "Kazi yenye jina lako lazima iwe kazi yako," akasema. "Huo ndio msingi."

Nikamwambia, "Helen, kuanzia mwezi ujao mashine itachora, na mimi nitaweka jina langu chini. Hiyo itakuwa kazi ya nani?"

"Hilo ni jambo tofauti."

"Tofauti yake nini? Nielimishe, si ndiyo naongezewa ujuzi?"

Akaangalia dirisha. Najua hakuwa na jibu, lakini asiye na jibu alikuwa ndiye mwenye kiti kikubwa. Cheti kimefutwa, akasema. Nafasi ya kiongozi isahau. Utarudia kozi mwanzo mpaka mwisho, hapa hapa ofisini, wakati wa chakula cha mchana, mlango wazi, na mkataba wako sasa ni wa miezi mitatu mitatu. Nikatoka. Nilikuwa nataka kulia, nikakataa, nikaenda kunywa maji ya bomba vikombe vitatu.

Nikamvaa Marisol jikoni. "Ungesema hata neno moja," nikamwambia. "Moja! Ungesema, hata mimi nilisomewa."

Akaacha kikombe. "Kibali changu cha kukaa nchi hii kimefungwa na studio hii," akasema. "Wewe una uraia. Mimi wakinifukuza napanda ndege. Ningesema nini?" Na macho yake yalikuwa mekundu, kwa hiyo hata ile hasira niliyokuwa nimemwandalia tangu Ijumaa ikakosa mahali pa kutua. Bado ninayo. Tunasalimiana, lakini siku hizi anakula mezani kwake.

Baada ya hapo wakaanza kuingia watu wapya. Watu wazuri tu, wa adabu, mmoja alikuwa anauza simu, mwingine alikuwa anajibu malalamiko ya wateja, hawawezi kuchora kikombe, na kosa si lao. Wenzangu watano wa picha za katikati mikataba yao iliisha, haikurudishwa. Nafsi yangu inaniambia wangeondolewa tu, hata nisingepanda jukwaani. Lakini mmoja wao, bwana mtaratibu aliyenifundisha kuchora maji yanavyomwagika, siku anabeba boksi lake alipita mezani kwangu akasema, "Mwambie mumeo asante." Hakusema kwa ukali, na usiku na mchana neno hilo ninalo.

Na Baba Neema? Huyu ndiye anayenifanya nitake kuvunja kitu. Siku tatu alizunguka na ile kadi mfukoni. Ya nne nikamwambia hiyo kazi ukiichukua ujue unakalia kiti cha mwenzangu, labda changu. Akasema, "Niko najua." Halafu akalala chali sakafuni kwenye korido. Nikashtuka, nikadhani ameanguka. Kumbe ndivyo anavyovaa soksi sasa. Mgongo haukunji tena, analala, anainua mguu, anavuta. Miezi mingi amekuwa akifanya hivyo alfajiri kabla sijaamka ili nisimwone. "Kazi ya kukaa, Mama Neema," akasema pale chini, anaangalia dari. "Ya kukaa tu."

Nikamwambia piga simu.

Akapiga. Wakafurahi, wakasema tutakutafuta. Jumapili akamwambia mchungaji, mchungaji akamsimamisha, kanisa lote likapiga makofi, shemasi wetu anaingia kwenye mambo ya kompyuta na Wajapani. Wiki ya kwanza simu ikawa inalala karibu na sahani. Wiki ya pili. Ya tatu akapiga mwenyewe, akaweka sauti kubwa nisikie. Dada mmoja akamwomba namba ya cheti.

"Cheti kilitoka na jina la mke wangu," akasema.

"Basi bwana, itabidi ujiandikishe kozi kwanza. Ni ya kulipia."

"Nimeshaisoma. Bwana Trevor aliniona. Watu wote waliniona."

"Naelewa bwana, lakini kwenye mfumo haupo."

Akasema asante. Yeye anamwambia kila mtu asante! Alikuwa mfano mzuri kwa dakika tano, walipomaliza kumwonyesha kwa wageni hawakuwa na haja naye, na kesho yake saa tisa usiku alikuwa kituo cha basi na buti zake akienda Malton. Mimi niliyekuwa na jina nilinyang'anywa cheti, na yeye aliyesoma hakuwahi kupewa. Trevor ndiye aliyepata studio nyingine mbili za kufundisha, nimesikia. Kanisani bado wanamuuliza, shemasi, Wajapani vipi? Anawajibu, Mungu anapanga. Mimi nikiulizwa natoka nje.

Kozi nimeirudia, mchana baada ya mchana, na sandwichi kavu mkononi. Nimepata sabini na moja. Na niwaambie ukweli mchungu, sehemu ya tisa na ya kumi zilikuwa na mambo ya maana ambayo ningeyajua mapema, ningekuwa leo ninabishana na ile mashine kama mtu anayeijua. Kiburi changu kilikataa kuziona kwa sababu ya swali la kipuuzi la siku ya kwanza.

Kwa hiyo sirudii. Mtihani hata uwe wa kijinga namna gani, nitaufanya mwenyewe, na nikifeli nifeli kwa mkono wangu, aibu iwe yangu peke yangu, isipite kwa mume wangu ikawaangukie wenzangu. Na mtu akija tena na zawadi ya kusoma bila malipo kwa muda wangu, nitasema palepale, kwa sauti, nikiwa nimesimama, kwamba hii si zawadi. Hilo ndilo linaloniuma kuliko ukumbi, kuliko kizibao, kuliko binti mwenye mkono tumboni. Siku ile Trevor alipotuambia, tulikuwa kumi na wanne, na mashine ilikuwa haijui hata kugeuza shingo. Tungesema. Badala yake tulinyamaza wote, kila mtu akaenda nyumbani kwake kutafuta wa kumbonyezea.